Vyumba Vitatu vya Pakacha

Baba alikuwa na rula ya chuma
iliyopinda kidogo ncha ya kushoto,
ndiyo maana kwa miaka ishirini na sita
chumba cha tatu kilikwenda upande
na wasomaji wakidhani ni ufundi.

Shaame Mbarouk, karani wa posta ya Wete.
Mchana akizigonga muhuri barua za watu,
usiku akiweka ubao mapajani
akimchora Pakacha:
shati la mikono mifupi, miguu ya vijiti,
na pakacha mgongoni, daima linavuja.
Wiki hii mchele, wiki ijayo nauli,
na mara moja, mwezi wa uchaguzi,
lilivuja masikio.
Mama akisema, "Kuvuja kwa pakacha, nafuu ya mchukuzi."
"Na mchukuzi akiwa ndiye mwenye mchele?"
Mama akarudi jikoni bila ya jawabu.

Kofia ya Pakacha imeshuka hadi puani.
Hilo lilitokana na Maalim Khatib wa chuoni,
aliyekuja baada ya magharibi, akakataa kahawa,
akasema amesimama tu:
"Yakhe, siku hiyo utaambiwa umtie roho."
Baba hakubishana. Alichukua kalamu, akaishusha kofia.
"Hana macho, Maalim. Hajakamilika.
Na mie vilevile."

Kila Jumamosi nilipeleka bahasha bandarini,
kwa baharia mmoja mwenye jino la fedha
aliyeichungulia kwanza, akacheka peke yake,
kisha akaitia kifuani kwenda nayo Unguja.
Malipo yalirudi kwa hawala ya posta.
Baba mwenyewe akajigongea muhuri,
akajihesabia, akajitilia saini,
akajiambia, "Ahsante, bwana, karibu tena."

Mwaka wa karafuu nyingi alichora pishi.
Chumba cha kwanza, mchumaji anajaza.
Cha pili, mnunuzi anatikisa.
Cha tatu, pishi haijajaa bado,
na Pakacha ametia mkono ndani,
umetokea chini.
Mhariri akairudisha na kikaratasi:
*Futa pishi. Acha mkono.*
Baba akakwangua kwa wembe, taratibu,
hadi karatasi ikaota manyoya.
Gazeti likatoka: mkono unaning'inia hewani,
haujulikani unatafuta nini.
Pale barabarani, penye majamvi ya karafuu,
watu wazima walicheka mpaka wakakaa chini.
Kesho yake aliitwa.
Akarudi usiku, akala muhogo wa baridi,
akaomba kisu achonge penseli.

Kisha mkono ukaanza kuwa na safari zake.
Mstari ulioagizwa Konde ukaenda Mtambwe.
Wino ukamwagika, kikombe kikamwagika,
akaacha kunywa chai mbele za watu.
Nikaishika mie kalamu.
Yeye akisema, "Hapo anajikwaa, lakini hataki tujue,"
mie nikichora mtu asiyetaka tujue.
Miezi saba, jina chini ni lake.
Mjini hawakugundua.
Aliyegundua ni Bakar Mcha, fundi baiskeli,
aliyeita kutoka ng'ambo ya barabara, mikono mieusi ya grisi:
"Shaame! Pakacha wako siku hizi
anakwenda kama mwanamke aliyebeba ndoo!"
Baba hakumjibu.
Alinitazama miguu.

Tulipomaliza hitima
nilifungua bati lake la biskuti:
stempu za nchi zilizokwisha kubadilisha majina,
wembe wenye kutu,
na karatasi moja ambayo sikuichora mie.
Mistari inatetemeka kama imechorwa garini.
Chumba cha kwanza, Pakacha ameshika ukingo wa kofia.
Cha pili, ameiinua kidogo, kivuli kimefika puani.
Cha tatu kina mipaka yake minne,
kimekwenda upande,
hakina kitu.

Maalim Khatib alikuja kutoa pole,
mzee sasa, anashikwa mkono kupanda kizingiti.
Nikampa ile karatasi. Sijui kwa nini.
Akaisogeza machoni, akaiweka mbali, akaisogeza tena,
akakitazama kile cheupe kwa muda mrefu.

Akakaa.
Akaomba kahawa.