Witiri na Shufwa

Huku Riga, maua ya aliye hai huhesabiwa witiri:
moja, matatu, matano.
Shufwa ni ya makaburini.

Siku ya jina la mama haina mwaliko,
watu hubisha hodi tu.
Alikuwa ameoka keki ya tufaha,
amebandua nywele za paka kwenye sofa.
Ami Gunars akaja na mayungiyungi matano,
meupe, vinywa wazi,
chavua ya rangi ya kutu ikimchafua mkono wa koti.
Mama akayatia kwenye jagi la marehemu baba,
akayaweka dirishani,
pale Rukis anapohesabia njiwa.

Mama alijua chokoleti ni hatari,
na mifupa ya kuku, na uzi wenye sindano.
Lakini ua? Ua lina kosa gani?

Saa tano usiku akanipigia simu, anacheka:
"Dzintra, paka ana masharubu ya manjano!
Ametafuna jani, sasa anajilamba kifua
kama bwana aliyetoka karamuni."
Sikucheka.
"Mama, mfute. Sasa hivi, kwa kitambaa chenye maji.
Usimwache ajilambe. Naita teksi."

Tulivuka daraja la Daugava,
paka kwenye taulo, uso tu nje, amekasirika.
Dereva alizima redio bila kuambiwa.
"Figo," alisema daktari, kijana mwenye macho ya usingizi.
"Hata maji ya jagi yangetosha."
Dripu, siku tatu.
Mama kwenye kiti cha plastiki, bado na gauni la sherehe:
"Lakini ni ua. Ni ua tu."

Siku ya tatu, simu:
"Amekojoa."
Mama akalitangaza neno hilo ngazini,
ghorofa hadi ghorofa,
kama mtu anayetangaza harusi.

Siku hizi dirishani pana waridi na orkidi.
Yale maua ya Mei, ya kengele ndogondogo,
tunayanusa msituni na kuyaacha hukohuko.
Ami hatujamwambia.
Akiuliza, tutasema yalinyauka vizuri.

Shina lililotafunwa mama alilifunga gazetini,
akalitupa pipa la nje, akarudi kuhakikisha kifuniko.
Yakabaki manne.
Akayahesabu mara mbili,
akavaa viatu, akampelekea baba.

Na kabla ya kuyalaza
alizunguka nyuma ya kila jiwe la jirani,
ameinama, anaita polepole:
pusi, pusi, pusi.