Swali la Nne

Wakili alinivuta kando, nyuma ya jengo la Baraza,
penye kivuli chembamba cha tangi la maji.
"Mama Sechelela, nisikilize.
Wakikuuliza uliingiaje shambani,
sema uliingia.
Basi. Usimtaje mtu.
Ikipita miaka kumi na miwili mwenyewe hajakutoa,
sheria inamfumba mdomo. Wewe unayo ishirini na mitatu.
Ila ukisema ulikaribishwa, wewe ni mgeni,
na mgeni hata azeekee ugenini
hapati hati."

Nikamuuliza: kumbe ningekuwa mwizi ningeshinda?
Akatazama saa.
"Mvamizi," akanisahihisha. "Siyo mwizi."

Ndani, feni ilizunguka kama iliyolazimishwa.
Kijana wa Ndahani aliketi ng'ambo, shati limenyooka kwa pasi.
Nilimjua ana makamasi. Nilimpa zabibu
zile za mwisho wa kichala, zilizosinyaa,
maana ndizo tamu.
Akaenda Mwanza, akakaa,
hata lami ilipofika Chahwa
na mtu wa miwani akaupima udongo wetu kwa mita za mraba.
Sisi tulikuwa tukiupima kwa magoti.

Maswali matatu ya kwanza yalikuwa mepesi.
Jina. Kijiji. Umri: hapo nilikisia,
na karani akakisia pamoja nami.

La nne ndilo lile.

Mwaka ule mvua ilikata mwezi wa pili.
Uwele ulikauka kabla haujafika gotini.
Nilitokea na watoto watatu na sufuria moja,
nikamkuta Ndahani anafunga zizi.
"Mbukwenyi," nikasema.
Hakuuliza ukoo. Alinyoosha kidevu:
"Toka minyaa ile mpaka kichuguu kile. Lima, ule."
Karatasi haikuwepo. Shahidi hakuwepo
isipokuwa ndama,
naye tulikuja kumla kwenye harusi ya binti wa nyumba ile.

Kila mavuno nilimpelekea debe la uwele.
Hakuwahi kuliomba.
Siku aliyofariki lilikuwa mlangoni pake,
limefunikwa ungo.

Minyaa ile nimeipunguza mwenyewe; mwaka mmoja
utomvu uliniruka jichoni, nikakaa gizani siku mbili.
Kichuguu hakipo, tingatinga lilikibeba.
Mizabibu ni mia moja na arobaini,
yote nimeifunga wayani kwa matambara ya khanga zangu,
ukipita utasoma methali nusunusu.
Kama kumiliki ni kushika,
basi nishikeni hii mikono muone.

"Mama, swali limeshaulizwa."

Mwenyekiti ameinua kalamu.
Wakili wangu anavitazama viatu vyake.
Nikilimeza neno moja tu, Ndahani anafutika:
kidevu chake, zizi lake, ile "ule" yake.
Nitakuwa niliingia usiku, kama fisi,
na shamba litakuwa langu.

Nikasema, "Nilikaribishwa."

Neno dogo. Mwenyekiti aliliandika muda mrefu.
"Na nani?"
Nikamtaja. Nikataja na debe,
ingawa hakuna aliyeniuliza habari za debe.

Hukumu tarehe ishirini na sita.
Zabibu zitakuwa zimeanza kubadilika rangi;
sijui nani atafukuza ndege.

Nje, kijana alinifuata mpaka kwenye bodaboda.
Alisimama, funguo mkononi, kama mtoto aliyetumwa akasahau.
"Lile debe la siku ya msiba," akasema,
"tulidhani limetoka kanisani. Lilikuwa lako?"

Uwele ulikuwa wenu, nikamwambia.
Debe ni langu.
Hamjalirudisha,
na nimehesabu: mwaka huu ni wa kumi na tatu.