Hali Ibaki Kama Ilivyo

Amri ina kurasa mbili na muhuri mmoja.
Inasema: hali ibaki kama ilivyo
mpaka kesi ya msingi isikilizwe.
Imegongomewa langoni kwa baba, misumari minne,
na mvua za Wanale, ambazo hakuna aliyezipelekea nakala,
zimeshakula jina la msajili.

Ya muda, walisema.
Muda wa nani?
Tangu itolewe mtoto wa Nandutu ameota meno na kuanza kuyang'oa,
kinu kimeshika kutu hadi mkono hauzunguki,
na magunia arobaini ya arabika yamekaa stoo
yakimngoja jaji arudi kutoka semina ya Entebbe.
Kahawa haijui kungoja. Huvunda.

Tulikata rufaa dhidi ya amri.
Kuloba akadai rufaa yetu imechelewa siku moja.
Tukapinga pingamizi lake.
Akaomba amri ya pili, ya kuilinda ya kwanza,
nasi tukaomba ya tatu, ya kuisimamisha ya pili,
na kesi yenyewe,
ile ya nani aliuza ekari sita za Bungokho
na fedha zikaenda wapi,
haijafunuliwa hata ukurasa.
Imelala ndani ya faili kama mgonjwa
ambaye ndugu wanagombania kitanda chake.

Baba aliandika: mali hii ni amana.
Akamweka Kuloba mdhamini, kwa kuwa alijua hesabu.
Kweli anazijua.
Wakili wake hulipwa kutoka amana hiyohiyo,
hivyo kila ninapomshtaki
nachangia utetezi wake.

Kisha ukafika mwaka wa imbalu.
Gidudu, mwana wa marehemu kaka yetu, alikuwa tayari:
siku tatu njuga zinalia mapajani,
chachu ya wimbi imekauka usoni.
Na mahali pake pa kusimama ni pamoja tu,
uwanja wa babu yake,
palipodondoka damu ya Wepukhulu na ya waliomtangulia.
Wakili Namonye akapeleka ombi la dharura.
Dharura ikapangiwa tarehe kumi na tisa, mwezi ujao.

Basi alisimama barabarani,
hatua tatu kutoka kwenye lango na karatasi yake,
juu ya ardhi ya serikali,
fimbo mabegani, macho hayapepesi.
Kabla ngariba hajafika nilipenyeza mkono chini ya uzio,
nikachota udongo wa ndani,
nikaumwaga kati ya nyayo zake.
Nikarudia. Nikarudia tena.
Kuloba alikuwa ng'ambo ya barabara. Aliniona.
Hakusema neno.
Alivua kofia.

Wiki iliyofuata kikaja kiapo chake kipya.
Aya ya kumi na saba:
mjibu maombi wa pili, akijua amri ipo,
ameondoa udongo wa amana, kiasi kisichojulikana.

Namonye aliinua kalamu. Tukane?

Kiasi kinajulikana, nikamwambia.
Andika: konzi tatu.