Ukoko

Nimechora duara ubaoni kwa chaki na uzi,
la pili ndani yake, la tatu, na nukta katikati.
Kidato cha Pili B, Newala, saa mbili asubuhi,
ukungu umeegemea madirisha kama mtoro.
Nikasema: hili la nje ni ukoko.
Wakacheka. Ukoko wanaujua,
ule wa sufuria ya wali, unaokwanguliwa kwa mwiko
na kugombewa na wadogo wakati wakubwa wananawa.
Ni huo huo, nikasema, ila chungu kimepinduliwa:
huku juu kwetu ndiko kulikopoa, kukashika.
Wali wenyewe uko chini, na haujaiva hadi leo.

Chini ya ukoko, joho:
mwamba mgumu unaotembea mwendo wa kucha kuota.
Chini ya joho, chuma kilichoyeyuka.
Chini yake, chuma tena, kimoto kupita kile,
lakini kimebanwa hata kimesahau kuyeyuka.

Somoe Nantende akanyoosha mkono.
Kiatu chake kimoja kina kamba, cha pili kina waya.
"Mwalimu, nani alishuka huko akarudi?"

Nikamwona baba,
Likwata, mchimba visima wa Kitangari,
akiingia ardhini kwa kamba ya katani,
akipungua: kiuno, mabega, kofia,
mwisho sauti tu, na ndoo ya udongo mwekundu.
Mama na wenzake waliteremka bondeni na madumu alfajiri,
wakapanda nayo jua likiwa utosini.
Baba alisema, bado kidogo.
Alisema bado kidogo miaka miwili.

Mita arobaini na moja.
Kila jioni alidondosha kokoto, akafumba macho:
moja, mbili, tatu,
ndi!
Jiwe halioni. Analisikiliza.
Siku likisema chubwi, alituahidi, nachinja mbuzi.
Mbuzi yule alikufa kwa uzee.

Hakuna aliyeshuka, nikamwambia Somoe. Walisikiliza.
Dunia ikitetemeka upande huu,
mtu wa upande ule anatega sikio.
Mitetemo mingine hupenya majimaji, mingine hugoma;
ilipogoma, wakajua pale pana chuma kioevu.
Chubwi ya mbali mno.

"Na sayari nyingine?"
Utaridi, nikasema, karibu yote ni kiini,
korosho iliyopoteza bibo lake.
Mirihi wamepelekewa sikio la chuma,
likalala mavumbini, likasikia kiini chake kingali laini.
Mshtarii haina ardhi ya kukanyaga.
Ukidondosha kokoto kule, hesabu moja, mbili, tatu,
hesabu mpaka koo likauke:
hewa inazidi kuwa nzito, inakuwa kama maji, na hakuna ndi.
(Baba angeichukia Mshtarii.)

"Na hapa kwetu, shimo likifika katikati?"
Kama halina hewa wala joto, jiwe lingefika
kwa dakika ishirini hivi. Nusu kipindi.
Nyuma mmoja akasema, kumbe kipindi kizima
unatokea upande wa pili,
nasi tumekaa hapa hapa.
Wakacheka tena, na mimi.

Kengele ikalia. Wakatoka, vumbi la chaki likabaki.
Somoe akabaki pia, rula mkononi.
Kutoka Kitangari hadi katikati, kilomita ngapi?
Elfu sita, mia tatu na sabini hivi, nikamwambia.
Kisha, sijui kwa nini:
toa mita arobaini na moja.

Hakuuliza za nani.
Akaandika, akatoa, akakopa kwenye sifuri
ulimi ukiwa pembeni mwa mdomo,
akapiga mistari miwili chini ya jibu.