Athari Sita za Maji

Hapa Birkat al-Mauz maji hutoka mlimani yakiwa mamoja,
na penye mawe yale hugawika mara tatu, sawasawa,
kama mkate wa mama asiye na kipenzi.
Miezi yetu nayo ni mitatu.
Hiyo haijawahi kugawika sawa.

Mzito ana siku thelathini. Kwake tunafunga,
kwake tunakaa eda, kwake mwenye nyumba hubisha hodi.
Kigego ana siku kumi na mbili, ncha yake imemeguka,
hupita mbio kama mtoto aliyetumwa chumvi.
Kwa Kigego nagawa maji ya falaji, athari kwa athari,
nusu saa kwa nusu saa, mtende kwa mtende.
Wa tatu ni Mdaiwa. Huyo hutoka akipenda.
Madeni hulipwa akionekana,
na mtaani kwetu wamo wanaoombea mawingu.

Majina aliyatia bibi, aliyeshika daftari hili kabla yangu.
Watu wa juu mlimani wana majina yao, marefu, ya heshima.
Bibi akisema: mwezi usioweza kuutania
huwezi kuuhesabu.

Kisha upo usiku ambao wote watatu hawapo.
Hauna taarifa. Tunauita Pengo.
Hautiwi tarehe; naacha mstari mtupu,
na maji ya usiku huo ni ya aliye macho.

Hamdun bin Msellem alikufa usiku wa Pengo,
mkono ndani ya mfereji, akizibua majani
ili ndimu zake zinywe kisicho cha mtu.

Ndugu zake wakaja ofisini na birika lao la kahawa.
"Kifo hakina tarehe," wakasema, "basi eda haina mwanzo.
Na isiyo na mwanzo itakwishaje? Mjane akae ndani.
Athari sita za marehemu tutazishika sisi, kwa amana."
Sleyum alilitamka neno amana huku akitazama saa.
Mdogo wake akaona bora tuhesabu kwa Mdaiwa,
ndio uadilifu.
Nilifungua daftari. Mstari mtupu ukanikodolea.
Miaka kumi na tisa nimeutunza utupu ule kwa rula.

Leo asubuhi Thuwaiba amekuja mwenyewe.
Hakuketi. Aliinamisha mfuko wa mchele,
kokwa za tende zikamwagika mezani,
juu ya Mzito, juu ya Kigego, nyingine zikaanguka chini.
"Hesabu."

Nikahesabu kumi kumi, kama sarafu,
nje watu wa zamu wakinigongea dirisha.
Miezi minne ya Mzito na siku kumi ni mia na thelathini.
Nilipata mia na thelathini na moja.
"Umezidisha."
"Sikuzidisha. Hiyo moja ni ya usiku wenu usio na tarehe.
Kwangu ulikuwa Jumanne.
Nilikuwa nimeloweka kunde."

Bibi angenikata mkono.
Nimeandika: Jumanne.
Wino ulisambaa, karatasi ya pale haikuzoea kuandikwa.
Chini yake: athari sita, mfereji wa kati,
kuanzia alfajiri ya kesho, Kigego akiwa wa siku nne,
kwa Thuwaiba binti Suweid, mikononi mwake.
Sleyum atakuja. Na aje na kahawa.

Sasa nina kazi. Siku moja imeingia katika mwaka
na kila iliyo mbele yake imesogea:
kodi, mavuno, harusi ya binti wa fundi saa.
Nafuta, naandika. Nafuta.

Kokwa hakuzichukua. Nimezipanga dirishani.
Zote zimekauka, zinagongana kama meno,
isipokuwa ya leo, aliyoila njiani akija.
Hiyo bado inanata kidoleni.