Mkasi

Miaka kumi na tisa nilikuwa mhariri
wa mtu asiyetaka kukatiwa picha.
Baldomero Oyarzún, wa kisiwa cha Chiloé,
aliteremka Malmö mwezi wa Novemba
na koti la kuazima, soksi zimelowa,
na makebe mawili ya filamu
yaliyosafiri ndani ya gunia la viazi.
"Wewe ndiye mwenye mkasi?"
Nikasema ndiyo. Akaomba autazame.
Akautia mfukoni,
asinirudishie hadi theluji ilipoyeyuka.

Kwao, wanajeshi waliingia studio na orodha:
kata hapa, kata bega hili,
kata huyu mwanamke anayesimama.
Filamu ya saa mbili ikabaki dakika tisa,
ndege, mawimbi, wimbo wa taifa.
Mpiga picha wake, Nahuel, hakuonekana tena,
hata katika vipande vilivyozagaa sakafuni.

Ndiyo maana huku kamera yake haikupepesa jicho.
Dakika kumi na moja, mkanda mzima:
mzee anamenya kiazi, ghorofa ya nne,
ganda moja refu linashuka, linashuka.
Watu walitoka ukumbini. Wengine walikoroma.
"Aliyelala hajatoka," alisema.

Ya mwisho ndiyo hii ninayoilinda.
Kwao nyumba ikihama, huhama nzima:
majirani huifunga kamba, maksai huivuta
hadi majini, ikaelea na milango yake.
Basi akawaomba watu wa Rosengård,
Wabosnia, Wairaki, Ingeborg wa duka la nyuzi,
waburute kibanda cha mbao juu ya theluji,
bila maksai, bila malipo.
Kamera aliiweka ndani, dirishani.
Kwa hiyo kibanda hukioni kikihama.
Malmö ndiyo inayosogea:
kituo cha basi, makaburi, taa, mbwa,
mji mzima unamjia mtu aliyesimama.
Kamba ilikatika mara moja. Hakuzima.

Huniuliza kama alikata tamaa.
Alikata tiketi mara tatu, mara tatu akairudisha.
Alikata rufaa apewe vile vipande vya sakafuni;
jibu lilifika wiki tatu baada ya mazishi:
havipo.

Mkanda uliisha kabla hatujafika.
Zilibaki hatua arobaini.
"Vuta, Gunvor," aliniambia,
na tukazivuta gizani,
mimi na kamba begani, mkasi mfukoni mwake,
hakuna aliyetupiga picha.