Sekunde Kumi na Moja

Gudrun hajui Kiswahili, ila "basi" na "bado",
na kwa kazi yake mawili hayo yametosha.
Miaka thelathini na nane akata filamu za watu:
alianza Leipzig, msichana wa kubeba mikebe,
glavu nyeupe, mkasi, utepe wa gundi,
vipande vikining'inia juu yake kama nguo za kuanikwa.
Kidole chake cha shahada kina kovu la wembe,
na shahada aliyonayo ni hiyo.

Siku hizi mkasi ni kitufe. Tumekodi chumba Makadara,
juu ya fundi saa. Feni ina kwikwi.
Nami, kwa Kijerumani changu cha hotelini,
namtafsiria Bi Mwanakombo wa Chaani,
mjane wa kuli aliyeangukiwa na shehena Kilindini.

Wachimba makaa, watawa, wavuvi wa mikunga,
wote amewapanga, na hakuna aliyempa mkono.
"Nimezunguka dunia," asema, "kwa makalio."
Jina lake hutokea mwishoni,
watu wakitafuta makoti yao.

Leo tumefika pale mama asemapo:
"Aliondoka asubuhi, hakumaliza chai."
Kisha kimya. Sekunde kumi na moja.
Mwongozaji apiga simu kutoka Hamburg: kata.
Gudrun: bado.
Kimya kile amekipeta kama mchele,
akatoa mbwa, akatoa redio ya jirani,
akatoa kitu kama chuma kinachoburuzwa,
ukabaki uso, na macho yaliyokwenda pembeni.
"Tazama," aniambia, "huzuni inavyopita."

Nami siku ile nilikuwako, nimeshika maikrofoni.
Niseme? Nisiseme?
Nikasema: Gudrun, ile si huzuni,
ule ni mkokoteni wa maji.
Mfereji wao una siku tisa haujatoa hata mate,
na mama asikiliza kama unaingia kwao ama unapita.

Akavua miwani. Nikadhani nimemvunjia nyumba.
Chini fundi akagonga kitu kidogo, akagonga tena.
Kisha Gudrun akaufukua mlio alioufukia:
gurudumu, mitungi ikigongana,
kijana akinadi maji, maji,
akija, akija, akipinda kona.
Uso ni uleule.
Tukautazama mara nne, na mara ya nne
nikakumbuka neno la mama tukikunja nyaya,
kamera imezimwa, nikaliona si la kutafsiri:
kwamba maji ya nyumba ile
alikuwa akiyateka yeye marehemu.

Simu ya Hamburg ikalia hata ikachoka.
Gudrun akaniuliza mtungi mmoja Chaani ni pesa ngapi.
Thelathini, nikamwambia. Hamsini kukiwa na shida.
Akaandika kwa kalamu mkononi, kando ya kovu,
thelathini, hamsini,
akarudisha na mbwa.